Maswali ya Wasomaji: Kivuli Kina Kipimo

Tulipoomba maswali kuhusu vyama vya siri katika hadithi za fantasia, barua nyingi ziliangukia jambo moja: waganga wa kivuli. Wanaoandika riwaya wanawataka, wanaoendesha michezo ya dadu, ile ya kuigiza hadithi mezani, wanawataka, na karibu wote wamekwama palepale, kwamba uganga wenyewe hauna mpaka. Tumechagua barua zitakazowafaa wengi.

SWALI: Riwaya yangu ina chama cha siri kinachotumia nguvu za giza. Rafiki zangu waliosoma mswada wanasema usiku wahusika hawa hawashindwi na mtu, na mchana hawana kazi. Niwapunguzeje nguvu bila kuwaharibu? (Msomaji, Tanga)

JIBU: Tenganisha giza na kivuli. Hapo ndipo mswada wako ulipokwama. Giza ni mwanga kukosekana, lakini kivuli ni kazi ya mwanga. Ili kivuli kiwepo, vitu vitatu vinatakiwa kwa wakati mmoja: mwanga unaotoka upande mmoja, mwili wa kuuzuia, na mahali pa kuangukia, kama vile ukuta, sakafu au mchanga. Kikikosekana kimoja, hakuna kivuli. Kwa hiyo mganga wako akitupwa katika shimo lisilo na taa hana nguvu hata chembe. Usiku usio na mwezi ndio unyonge wake mkubwa. Wa pili ni mawingu mazito ya masika, kwa sababu mwanga hushuka kutoka anga zima na kivuli kinayeyuka. Chama chako kinapaswa kuogopa mwezi wa Aprili kuliko kinavyoogopa askari.

Ukishakubali hilo, mchana unafunguka wote. Na Kiswahili kinakurahisishia kazi, kwa kuwa saa zetu zinahesabiwa tangu jua linapochomoza. Chukua ulimwengu unaofanana na wetu, mahali pa ikweta, siku ambayo mchana na usiku vinalingana. Jua hupanda nyuzi 15 kila saa. Saa 1 asubuhi kivuli cha mtu ni mara 3.7 ya kimo chake. Saa 2 ni mara 1.7. Saa 3 kivuli na mtu vinalingana kabisa. Saa 4 kinabaki sehemu 6 kwa 10, saa 5 ni robo na kidogo, saa 6 hakuna kitu. Baada ya hapo unarudi kinyumenyume mpaka saa 9, ambapo kivuli kinalingana tena na mwenyewe. Waliosoma madrasa wanaijua hesabu hii bila kufundishwa na mwandishi, maana wakati wa alasiri huingia kivuli cha kitu kinapofikia urefu wa kitu chenyewe, ukiongeza kile kilichosalia jua lilipokuwa utosini. Msomaji wako wa pwani amekuwa akipima vivuli tangu utotoni, basi mtumie.

Angalia kasi pia. Mtu wa sentimita 170 ana kivuli cha mita 6.3 saa 1 asubuhi. Akianza kisomo cha dakika 10, atakapomaliza ncha ya kivuli imerudi nyuma karibu mita nzima, na adui aliyekuwa amekanyagwa na kivuli yuko huru. Kisomo hichohicho akikifanya saa 3, kivuli kinarudi sentimita 14 tu. Asubuhi ana mkono mrefu usiotulia, na saa 3 ana mkono mfupi ulio imara. Uchaguzi huo peke yake unakupa sura tatu za riwaya.

Kuna siku ya kukosa kivuli kabisa. Sehemu zote zilizo kati ya tropiki mbili (ya Kansa na ya Kaprikoni) hupata siku mbili kwa mwaka ambazo jua hupita wima utosini. Zanzibar ni mwanzoni mwa Machi na wiki ya pili ya Oktoba, Mombasa ni karibu na Machi 10 na mwanzoni mwa Oktoba, Nairobi ni katikati ya Machi na wiki ya mwisho ya Septemba. Dakika 4 kabla na baada ya wakati wenyewe, kivuli cha mtu mzima ni kama sentimita 3, kinafichwa na viatu vyake. Adui wa chama anayejua kalenda atavamia wakati huo. Lakini usiandike tu "saa 6 kamili". Saa ya Afrika Mashariki imepangwa kwa longitudo 45, kwa hiyo kwa wastani jua la Dar es Salaam hufika kileleni baada ya saa 6 na dakika 20, na la Kigoma karibu saa 7.

Na hata siku hiyo usiwaue wote. Lugha yetu ina kivuli na ina uvuli. Kivuli ni chako, kinakufuata. Uvuli ni wa mwembe, wa baraza, wa upenuni, unaukuta na kuuacha. Weka sheria kwamba mwanachama mpya anatumia kivuli chake tu, na mkongwe anaweza kuazima uvuli. Saa 6 ya siku ya wima, wapya wote ni mikono mitupu huku wakongwe wakikimbilia chini ya mapaa.

SWALI: Muuaji wangu anasimama juu ya mnara wa mita 40, saa 2 asubuhi, anaelekeza kidole, na kivuli cha kidole hicho kinamkaba mfalme aliye uani. Mhariri ameniandikia "haiwezekani" bila maelezo. Ni uganga, kwa nini isiwezekane? (Msomaji, Morogoro)

JIBU: Mhariri wako ana haki, ila alipaswa kukupa sababu. Kivuli kina sehemu mbili: kiini, ambako jua limezibwa lote, na pindo, ambako limezibwa nusunusu. Jua si nukta. Linaonekana angani kama sahani yenye upana wa nusu nyuzi, kwa hiyo kila unavyokwenda mbali na kitu, kiini kinanywea na pindo linatanuka. Namba ya kukariri ni 108. Kiini huishia umbali wa takriban mara 108 ya upana wa kitu, na pindo hupanuka karibu sentimita moja kwa kila mita.

Sasa piga hesabu ya mnara wako. Saa 2 jua liko nyuzi 30, kwa hiyo mwale unaopita kileleni husafiri mita 80 kabla ya kugusa ua. Kidole cha sentimita 1.5 kiini chake kinakwisha baada ya mita 1.6. Kiganja cha sentimita 9 kinafika karibu mita 10. Hata mabega ya mtu, sentimita 45, yanaishia mita 49. Kwa mita 80 unahitaji kitu chenye upana unaozidi sentimita 74. Basi mpe muuaji joho na umfanye alikunjue kwa mikono yote miwili, upana wa mita 1.5. Pale uani kitabaki kiini cha upana wa sentimita 76 hivi, kinachotosha kumfunika mfalme kifua na shingo. Maelezo ya joho linalokunjuliwa juu ya mnara yanatisha kuliko kidole, na yamesimama juu ya hesabu.

Kosa la pili linalojitokeza sana ni alfajiri. Waandishi wanajua kivuli cha asubuhi ni kirefu, wanakipa nguvu nyingi. Dakika 20 baada ya jua kuchomoza, kivuli cha mtu kina mita 19, ni kweli, lakini mwale unaopita kichwani umeshakuwa mrefu kuliko kiini cha kichwa kinavyoweza kufika, kwa kuwa kichwa cha sentimita 16 hufikisha kiini mita 17 tu. Kivuli kirefu namna hiyo hakina kichwa. Ukitaka mganga achungulie kwa macho ya kivuli chake, alfajiri atakuwa kipofu.

Anayetaka kuliona jambo hili kwa macho aende chini ya mnazi wa mita 15 mchana wa jua kali. Ukuti mmoja una upana wa sentimita 4 hivi, na ili uwe na kiini chini ungetakiwa kuwa na 14. Ndiyo maana uvuli wa mnazi umefifia, hauna makali kama wa ukuta. Kisha tazama vidoa vya mwanga vilivyopenya kwenye matundu madogo ya makuti. Tundu lina pembe, limechanika ovyo, ila kidoa kilichoko mchangani ni duara, kipenyo sentimita 14. Kila kidoa ni sura ya jua lenyewe. Jua lilipopatwa tarehe 1 Septemba 2016 kusini mwa Tanzania, vidoa vya namna hiyo viligeuka hilali, na pale Rujewa jua lilibaki pete. Pete ile nayo ni namba 108 ikifanya kazi: mwezi una upana wa kilomita 3,474, kiini chake hufika takriban kilomita 375,000, na siku hiyo kiliishia angani kabla ya kugusa ardhi.

SWALI: Mambo yangu mengi yanatokea ndani ya nyumba usiku, kwa koroboi. Sheria za jua zinafanya kazi huko? (Msomaji, Mombasa)

JIBU: Zinafanya kazi kwa vipimo vingine. Jua liko mbali, kivuli cha mkono kina ukubwa wa mkono. Koroboi iko karibu, kivuli kinakua. Gawanya umbali wa taa hadi ukutani kwa umbali wa taa hadi mkononi. Mkono wa sentimita 20 ulio nusu mita kutoka kwenye utambi, ukuta ukiwa mita 3, unatoa kivuli cha mara 6, yaani mita 1 na sentimita 20. Pindo lake, kwa mwali wenye upana wa sentimita 1, ni sentimita 5. Mganga akitaka kivuli kikubwa anausogeza mkono kwenye moto, na gharama yake ni mbili: ukingo unafifia na vidole vinaungua. Acha aungue. Chama ambacho wazee wake wana makovu vidoleni kinajieleza bila mwandishi kusema neno.

Mwanga hupungua kwa mraba wa umbali. Taa inayotosha ukiwa mita 1 inabaki robo ukiwa mita 2, sehemu ya tisa ukiwa mita 3. Kwa hiyo koroboi moja katika ukumbi mkubwa haina kivuli cha maana zaidi ya hatua chache. Taa mbili zinatoa vivuli viwili, kila kimoja kikiwa kimemulikwa na taa ya pili, yaani nguvu imegawanyika. Taa nane zilizopangwa duara zinakaribia kukiua kivuli kabisa, na ndiyo siri ya taa za chumba cha upasuaji. Adui wa chama asiye na uganga wowote anaweza kujilinda kwa kandili nane na kuta zilizopakwa chokaa nyeupe, kwa sababu chokaa hurudisha mwanga kila upande. Gharama yake ni mafuta. Hesabu mafuta ya kandili nane usiku kucha, mwezi mzima, utajua ni tajiri gani anaweza kulala salama na maskini gani hawezi.

Kwenye mbalamwezi rudi kwenye hesabu za jua, maana mwezi nao unaonekana kwa upana wa nusu nyuzi na pindo ni lilelile. Mwanga wake tu ndio mdogo, kama sehemu moja kwa 400,000. Mwezi mpevu huchomoza jua linapotua, na kila siku inayofuata huchelewa kwa wastani wa dakika 50. Usiku wa nne baada ya mwezi mpevu, waganga wako hawana kitu mpaka baada ya saa 3 za usiku.

SWALI: Chama changu kina watu 300 katika mji mmoja na kimeishi miaka 500 bila kugunduliwa. Msomaji wangu wa kwanza amecheka. Niwapange vipi? (Msomaji, Lubumbashi)

JIBU: Amecheka kwa sababu siri hailindwi na kiapo, inalindwa na mpango. Watu 12 wanaojuana wote wana mahusiano 66, na lolote kati ya hayo linaweza kupasuka kwa wivu, deni au ndoa. Watu 5 wana 10. Anza na watu watano.

Mpango wa chini: mkuu mmoja, viongozi 5 chini yake, kila kiongozi na watu 5, jumla 31. Mwanachama wa chini anamjua kiongozi wake na wenzake wanne. Kiongozi anawajua watano wa chini na mmoja wa juu, basi. Viongozi wasijuane wao kwa wao. Akikamatwa wa chini, unapoteza kikundi kimoja. Akikamatwa kiongozi, kikundi kinakatika na mkuu yuko hatarini, kwa hiyo kati ya kiongozi na mkuu weka mahali pa kuachia ujumbe badala ya kukutana. Ukihitaji watu 300, rudia mpango huu mara kumi kwa mitaa tofauti na usimpe mtu yeyote orodha kamili, hata wewe mwandishi ikiwezekana.

Siri kuu ya chama, tuseme kisomo cha kumtoa mtu kivuli, usimpe mmoja. Ikate vipande vitatu, na kila mmoja wa wazee watatu ashike vipande viwili tofauti. Mzee mmoja peke yake hawezi kitu. Wawili wowote wakikutana wanaikamilisha. Akifa mmoja, siri haijafa. Akigeuka mmoja, siri haijatoka.

Mara nyingi kinachoviangusha vyama vya kweli ni karatasi. Adam Weishaupt, mwalimu wa sheria wa Ingolstadt huko Bavaria, alianzisha chama cha siri cha Illuminati tarehe 1 Mei 1776. Walikuwa na majina ya kificho na vyeo vya kupanda. Mtawala alivipiga marufuku vyama vya siri 1784 na 1785, lakini pigo lililokivunja chama lilikuja 1786, polisi walipopekua nyumba ya mwanachama mmoja na kukuta barua na nyaraka. Mwaka uliofuata serikali ikazichapisha. Kinachofuata karatasi ni ugomvi wa vyeo: Golden Dawn, chama cha siri cha mambo ya uganga cha London kilichoanza 1888, kilipasuliwa 1900 na wanachama walioasi dhidi ya kiongozi wao.

Ukitaka mfano wa siri iliyosambaa bila karatasi, tazama kwetu. Mwaka 1904 Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe alianza kugawa maji ya dawa, na habari zikapita kwa mnong'ono ulioitwa njwiywila, mtu kwa mtu, ukoo kwa ukoo, ukivuka mipaka ya makabila. Wajerumani walimnyonga tarehe 4 Agosti 1905. Vita vya Majimaji viliendelea mpaka 1907 bila yeye. Jambo hili ni zito na watu wengi mno walikufa, kwa hiyo usilichukue kama pambo la riwaya. Tunalitaja kwa ajili ya umbo lake tu: mnong'ono hauna ofisi ya kupekuliwa, na kichwa kikikatwa mwili unaendelea kutembea.

Sasa kazi ya mchana. Chama cha kivuli kinahitaji mwanga, kwa hiyo kijifiche katika kazi za mwanga: wauza mafuta ya taa, wapaka chokaa, mafundi wa miavuli, walinzi wa mnara wa taa bandarini. Ni kazi zinazoruhusu mtu kuingia nyumba za watu, kubeba ngazi, na kuonekana barabarani saa za magharibi bila kuulizwa.

Na mkutano wao usiwe wa nyuso. Kule Java wana sanaa ya wayang kulit: kitambaa kimetandazwa, taa iko nyuma, vikaragosi vya ngozi vinachezeshwa katikati, na upande wa pili huonekana vivuli tu. Wape waganga wako kitambaa cha namna hiyo, kila mwanachama azungumze akiwa nyuma yake. Ila kuna mtego. Mtu akisimama shibiri moja kutoka kwenye kitambaa na taa ya utambi ikiwa mita 2 nyuma yake, pindo la kivuli ni milimita moja au zaidi kidogo. Pua, kidevu na nundu vitatambulika na kila aliyewahi kumwona sokoni. Dawa yake ni kukuza taa, si kuipunguza. Ifunike kandili kwa karatasi pana sentimita 30, mtu asimame katikati ya taa na kitambaa, mita 1 kila upande. Pindo litakuwa sentimita 30, na yule mtu atabaki wingu linalosema. Siku taa isiyofunikwa itakapowekwa kwa makusudi, utakuwa na sura yako ya usaliti.

SWALI: Serikali ya ulimwengu wangu iwatambueje? (Msomaji, Bukoba)

JIBU: Kama uganga unakula kivuli, mwenye kuutumia ana kivuli kifupi. Mkaguzi mwenye akili atawapanga watu mstari uwanjani saa 9 alasiri ya siku ambayo mchana na usiku vinalingana, kila mmoja amelaziwa kijiti mchangani chenye urefu wa kimo chake. Aliye na upungufu wa shibiri mbili hana pa kujitetea. Chama nacho kitajibu: siku za ukaguzi wanachama watavaa makubazi yenye soli nene na kofia ndefu.

SWALI: Niwaite wachawi au waganga? Bibi yangu amekasirika kusikia "wachawi wema". (Msomaji, Unguja)

JIBU: Bibi yako anailinda lugha, msikilize. Mchawi katika Kiswahili ni mwenye kudhuru. "Mchawi mwema" ni maneno yanayogombana. Mganga hutibu, huzindika, hutegua, na akikosea ni mganga aliyepotoka. Anayetoka usiku kudhuru anawanga. Tumia mpasuko huo ndani ya chama chenyewe: upande mmoja unajiita waganga, upande wa pili unauita wa kwanza wanga, na mji wote haujui tofauti. Maneno ya kuingia yapo tayari na hayahitaji kubuniwa. Anayeingia ni mwari, anayemlea ni somo, mahali pa siri ni kilinge, anaapa kwa kula yamini, na anayerithi kazi ya mzee amerithi mkoba. "Akolaiti" na "masta wa oda" yatamfukuza msomaji.

Tunaomba jambo moja kwa moyo wote. Katika nchi zetu bibi vizee wameuawa kwa kushukiwa uchawi kwa sababu tu macho yao yalikuwa mekundu kwa moshi wa jikoni, na watu wenye ualbino wamewindwa kwa imani za viungo. Usimpe mganga wako mwovu macho mekundu, wala usifanye ngozi ya mtu kuwa dawa, hata katika ulimwengu wa kubuni. Makovu ya vidole na kivuli kifupi vinatosha kuwa alama.

SWALI: Shikamooni wahariri. Mimi ni mwanafunzi, naendesha mchezo wa dadu na wenzangu wanne. Nipeni sheria fupi ya kivuli. (Msomaji, Songea)

JIBU: Marahaba, mwanetu. Pima kwa shibiri. Mtu mzima ni shibiri 8, sawa na pima moja. Akiba ya mchezaji ni urefu wa kivuli chake kwa saa hiyo: saa 1 ni 29, saa 2 ni 13, saa 3 ni 8, saa 4 ni 4, saa 5 ni 2, saa 6 ni sufuri, kisha hesabu kinyume hadi jioni. Kunyamazisha nyayo kunakula shibiri 2. Kumshika mtu kifundo cha mguu kunakula 4. Kujificha ndani ya kivuli ni 6. Kutoka kivuli kimoja hadi kingine vilivyogusana ni 10. Shibiri zilizoliwa zinapunguzwa katika akiba ya kila saa mpaka jua lichomoze tena.

Rusha dadu ya pande 20. Lengo likiwa kwenye kiini, 10 inatosha. Likiwa kwenye pindo, inatakiwa 15. Bila nyongeza kwenye namba ya dadu, mchezaji anafaulu mara 55 kwa 100 kwenye kiini na 30 kwenye pindo. Ukimpa nyongeza ya 3 zinakuwa 70 na 45. Usivuke nyongeza ya 5, maana hapo kiini hakina hofu tena.

Kitakachokusumbua ni wachezaji kusubiri saa 11 jioni kila mara, akiba inapofika 29. Usiwakataze. Weka mambo yenye saa zake: soko linafungwa saa 8, jahazi linaondoka na maji kujaa saa 5. Na mchezaji akiwasha taa ya pili ili apate kivuli cha pili, mkubalie, kisha ugawe akiba yake kwa mbili.

SWALI: Ulimwengu wangu ni wa kaskazini, kwenye theluji, nchi kama Uingereza. Nibadilishe nini? (Msomaji, Leeds)

JIBU: Karibu kila namba. London tarehe 21 Desemba, jua likiwa juu kabisa, kivuli ni mara 3.7 ya kimo, yaani mchana wao wa baridi ni sawa na saa 1 asubuhi ya ikweta. Juni kinashuka hadi nusu. Waganga wako watakuwa na nguvu wakati wa baridi mawingu yanapofunguka, na siku ya kukosa kivuli hawataijua kamwe. Adhuhuri kivuli chao huelekea kaskazini daima. Wale wanaoandika kuhusu pwani yetu wajihadhari na hilo: Dar es Salaam kivuli cha adhuhuri huelekea kusini mwezi Juni na kaskazini mwezi Desemba.

SWALI: Nataka tambiko kuu la mwisho, kivuli kikubwa kuliko vyote, lakini nisizidishe. (Msomaji, Kilwa)

JIBU: Unacho mbele ya mlango wako, na wenzako wa bara hawakioni vizuri kama wewe. Pwani yetu inatazama mashariki. Jua linapotua nyuma ya minazi, yape mgongo machweo na tazama baharini. Kuna mkanda wa bluu iliyokolea, kama moshi, umelala juu ya upeo wa maji, na juu yake mkanda wa waridi. Ule wa bluu ni kivuli cha dunia. Hupanda karibu nyuzi moja kila dakika 4, na baada ya dakika 20 hivi unachanganyika na usiku. Namba ni ileile: dunia ina kilomita 12,742, kiini chake hufika takriban kilomita milioni 1.4, na mwezi ukipita ndani yake, kama tarehe 7 Septemba 2025 ambapo ulizama wote kwa dakika 82, huwa mwekundu.

Waweke waganga mchangani, mstari, migongo kwa jua, miguu majini. Vivuli vyao vinarefuka kuelekea baharini mpaka vinapoteza vichwa, kisha viwiliwili, kisha jua linazama na vyote vinatoweka. Hapo wana dakika 20. Mkanda ukiwa chini ya upana wa vidole vitatu vya mkono ulionyooshwa bado una ukingo. Ukipita hapo hauna ukingo tena, na tambiko limekwisha, liwe limefaulu au halikufaulu.